Marehemu Anaomba Pensheni Yake

Kwa Bwana Mwangalizi wa Malipo ya Wazee wa Serikali,
Jimbo la Nyanda za Juu za Kusini,
Mbeya.

Julai, 1956

Bwana Mwangalizi Mheshimiwa,

Napenda kukujulisha kwamba mimi ni mzima wa afya, nakula, nalala, na jana nimegombana na mtu sokoni. Najua watu wengi huanza barua zao kwa maneno ya namna hii kwa desturi tu, hata kama mwandishi mwenyewe yuko kitandani anatetemeka kwa homa. Mimi siyaandiki kwa desturi, nayaandika kama ushahidi. Naomba uyasome mara ya pili polepole, kisha umwite karani wako naye ayasome, kwa sababu katika kitabu chake mimi nimekufa tangu mwezi wa nne.

Jina langu ni Muhidini bin Othmani, Mhehe wa Idodi kwa kuzaliwa, mtu wa Mbeya kwa kuzoea baridi, dereva mstaafu wa lori la Serikali. Kama hunijui, simamisha gari lolote linalotoka Iringa uulize. Barabara ile naijua kuliko inavyojijua yenyewe. Nimevuka mto Mbarali maji yakiwa yamefika kwenye taa za lori, abiria wa nyuma wakisoma dua za dini zote mbili, mimi napiga mluzi. Vita ilipokuja nilipelekwa Uhabeshi, kisha Seloni, kisha Burma, na huko Burma Wajapani walinilenga kwa bidii kubwa sana wakakosa. Nayasema haya si kwa kujisifu, ingawa ningeweza. Nayasema ili ujue kwamba kuniua mimi si kazi ndogo. Jeshi zima la Japani limeshindwa, halafu ofisi yako imeweza kwa tone moja la wino.

Shule nilisoma darasa la nne nikalimaliza, na la tano nililisikiliza kwa nje nikiwa nafagia uwanja. Kwa hiyo ukikuta maneno makubwa humu usishtuke, na ukikuta makosa ujue ni ya kalamu. Sasa naweka malalamiko yangu kwa namba, kama watu wa ofisi mnavyopenda.

1. Lalamiko la kwanza ni kwamba nimefishwa nikiwa safarini.

Mwezi wa nne nilikwenda Makongolosi kumwona binti yangu Mwamvita, ambaye mumewe anafanya kazi ya dhahabu huko. Mwamvita alikuwa amejifungua mtoto wa kiume, na mtoto amepewa jina langu, maana sura yake haikuacha nafasi ya kubishana. Mvua ikanyesha kama imelipwa. Barabara ikakatika. Lori tulilopanda kurudi lilizama kwenye tope mpaka milangoni, dereva wake kijana akashuka akaanza kulia, nikamwambia, mwanangu, wenzako huwa tunalia baada ya kulitoa. Tukakaa huko. Siku ya malipo ikanipita.

Siku hiyo hapa Mbeya wazee walijipanga mbele ya dirisha la ofisi yako kama ilivyo kawaida. Karani wako, Bwana Anyitike, akaita jina langu. Akaita tena. Ndipo akasogea mbele mtu mmoja aitwaye Silvester, mkazi wa Iyunga, Mngoni, nyapara mstaafu wa genge la barabara. Silvester akavua kofia akaiweka kifuani, akasema kwa sauti ya kukatika-katika, "Karani, mwanangu, usimwite tena. Huyo tumemzika juzi."

Wazee wote mstarini wakainamisha vichwa. Karani akadhani ni huzuni. Akauliza kwa upole, marehemu aliugua nini? Silvester akajibu, "Wali. Wali wa harusi ya watu. Alimaliza sinia la kwanza, akamaliza la pili, la tatu tukamwambia Muhidini, mwachie hata bwana harusi. Hakusikia." Mzee mwingine nyuma akadakia kwamba maneno yangu ya mwisho yalikuwa "leteni mchuzi." Mwingine akasema jeneza lilibebwa kwa zamu kwa sababu ya wali uliokuwamo.

Bwana Anyitike alisikitika kwa moyo wake wote. Aliwapa pole, akaagiza benchi litolewe nje wazee wakae, akafungua kitabu, akachovya kalamu katika wino mwekundu, akanipiga mstari.

2. Lalamiko la pili ni kwamba Serikali, pamoja na shule zake zote, haijui utani.

Kwenu Ulaya sijui mambo haya mnayafanyaje, kwa hiyo nitaeleza kama ninavyomweleza mgeni. Zamani Wahehe na Wangoni walipigana sana. Walipigana mpaka wakachoka, na walipochoka waliona si vizuri uadui mzuri kama ule upotee bure, wakaugeuza utani. Tangu hapo Mngoni anaweza kuingia kwangu akakamata kuku, na mimi siwezi kukasirika. Mimi nami naweza kumvua kofia mlangoni pa kanisa lake nikaenda nayo msikitini, na yeye hawezi kusema neno. Katika msiba mtani ndiye mkubwa kuliko wafiwa. Yeye anapika, yeye anagawa chakula, yeye anavaa koti la marehemu na kutembea mwendo wake, watu waliokuwa wakilia wanajikuta wanacheka. Hata kaburini huingia akajilaza, akakataa kutoka mpaka apewe chochote.

Na kubwa kuliko yote, maneno ya mtani juu ya mtani wake husikilizwa kinyume. Akisema huyu mchoyo, watu wanajua ni mkarimu. Akisema huyu mwoga, watu wanajua alikwenda Burma. Silvester aliposema nimekufa kwa wali, kila sikio mstarini lilisikia kwamba Muhidini yuko salama, isipokuwa sikio moja lililokuwa ndani ya dirisha.

Bwana Anyitike simlaumu. Ni kijana mzuri, mwenye adabu, na suruali yake imenyooshwa hata inzi akitua kwenye ule mkunjo anaweza kukatika miguu. Lakini ni Mnyakyusa wa Rungwe, na sisi na Wanyakyusa hatutaniani. Tunasalimiana kwa heshima na kununuliana ndizi. Tena alipelekwa shule mbali tangu mdogo, misiba yote ya kwao ikampita akiwa anajifunza kugawanya na kuzidisha.

3. Lalamiko la tatu ni kwamba sikukubaliwa kuwa ushahidi wangu mwenyewe.

Niliporudi kutoka Makongolosi nilikwenda dirishani nimevaa kabuti langu la jeshi na kofia nyekundu. Bwana Anyitike akaniamkia, "Shikamoo, Mzee. Jina?" Nikalitaja. Akafunua kitabu, uso wake ukabadilika. "Pole sana, Mzee," akaniambia. "Alikuwa ndugu yako?"

Nikamwambia marehemu ndiye mimi. Akanitazama, akatazama kitabu, akanitazama tena, na nikaona wazi kwamba kati yetu wawili kitabu ndicho kinachopendeza zaidi. Nikamkoholea. Nikaruka juu nikashuka. Nikamwonyesha kovu nililolipata Seloni, ingawa kwa kweli lilitokana na mlango wa jiko la kambi. Kijana akasema maneno ambayo nimeyakariri: "Mzee, hata mimi naona uko hai. Lakini mimi kuona si cheti."

Nikamfundisha utani asubuhi nzima, yeye ndani mimi nje, wazee wengine wakinisaidia na kuniharibia. Alisikiliza vizuri, akaniuliza maswali, akasema ameelewa kwamba maneno ya mtani yasikilizwe kinyume, na atalizingatia jambo hilo kuanzia siku ile. Lakini kilichokwisha kuandikwa kwa wino mwekundu hakirudi nyuma. Ili nifufuliwe natakiwa nilete cheti cha uhai kutoka kwa Jumbe, na yule yule aliyeleta habari za kifo aje aseme mwenyewe kwamba niko hai.

Nikaenda kwa Jumbe wa mtaa wetu. Jumbe ni mtu mwangalifu, hajawahi kuandika kitu ambacho kinaweza kurudi kumuuliza. Akasema, "Muhidini, naweza kuandika kwamba leo saa nne ulikuwa unapumua. Lakini karatasi ikifika ofisini kesho na wewe usiku umekufa, mimi nitakuwa nimeidanganya Serikali." Nikamwambia basi twende wote sasa hivi. Akasema mguu unamuuma. Mwisho nilimbeba kwenye baiskeli, akaandika cheti hapo hapo mlangoni pa ofisi yako, na cheti hicho mnacho. Kilichobaki ni Silvester.

4. Lalamiko la nne ni huyo Silvester.

Nilimfuata Iyunga. Nikamkuta amekaa nje anachonga mpini wa jembe. Aliponiona akapiga ishara ya msalaba, akawaita wajukuu, "Njooni mwone, Wahehe hata kaburi linawatapika." Nikamwambia Silvester, mchezo umefika pabaya, njoo dirishani useme neno moja niandikwe. Akasema maiti wa mtani hafufuki bure. Anataka jogoo. Tena si jogoo yeyote, anataka mweupe, na mimi nimpe kwa mikono miwili mbele ya watu na kusema, "Nashukuru, Bwana Mngoni, kwa kunirudisha duniani."

Bwana, hili ni jambo la hisabati. Jogoo wangu wa mwisho alimla yeye mwenyewe siku ya Krismasi, kwa haki yake ya utani. Ili nipate jogoo mwingine nahitaji pensheni. Ili nipate pensheni nahitaji Silvester. Ili nimpate Silvester nahitaji jogoo. Nimezunguka ndani ya duara hili tangu mwezi wa tano, na hata darasa la tano sikusikia wakifundisha njia ya kutoka.

Wakati huo huo yeye anakula faida ya kifo changu. Anatembea sokoni kwa mwendo wangu, kifua mbele na mkono mmoja kama umeshika usukani. Pale wanapouza kahawa kuna kigogo changu cha kukalia, siku hizi anakaa yeye, anasema urithi wa mtani. Nikipita ananiamkia, "Marehemu, huko mnalalaje, baridi si kali?"

Na huyu ni mtu ambaye tulifanya naye kazi barabara moja miaka mingi. Lori langu likizama, genge lake ndilo lililokuwa likilitoa. Kila mara akinitoa ananiambia angejua ni mimi angeongeza tope.

5. Lalamiko la tano ni kuhusu nyumba yangu, na naomba hili lisisomwe na watu wengi.

Mke wangu, Mwanakhamisi, aliposikia kwamba Serikali imeniandika kuwa nimekufa, hakulia. Aliingia ndani, akatoka amejitanda shuka jeupe, akatandika mkeka, akakaa. Nikamuuliza ana nini. Akasema, "Nakaa eda, Baba Mwamvita. Serikali imesema mimi ni mjane, na mimi si mtu wa kugombana na Serikali." Kwa sheria ya dini yetu mjane hutulia nyumbani miezi minne na siku kumi, hatoki ila kwa dharura. Kwa hiyo sasa bombani naenda mimi. Wanawake wa mtaa wananipisha mbele kwenye foleni ya maji, wanasema marehemu asicheleweshwe, huko aendako wanamngoja.

Usiku, nikimsogelea, ananiuliza kama nina cheti.

6. Lalamiko la sita ni dirisha la pili.

Ndani ya jengo lenu hilo hilo kuna dirisha la malipo na dirisha la kodi, na kati yake hatua chache tu. Siku niliyokataliwa kwenye dirisha la malipo kwa sababu nimekufa, karani wa kodi alinichungulia akaniita kwa jina langu lote, bila kukosea hata herufi, akaniuliza habari ya kodi ya nyumba. Nikamwambia mimi ni maiti, muulize mwenzako hapo. Akasema kwake sijafa.

Tangu siku hiyo nasumbuka kwa fikira. Nikisimama mbele ya dirisha la kodi mimi ni mzima, Serikali inanijua, inanikumbuka, inanitaja kwa upendo. Nikipiga hatua kuelekea kushoto nadhoofika. Nikifika kwenye dirisha la malipo sipo. Naomba mhandisi wa Serikali aje apime ukumbi ule na kutuonyesha ni kigae kipi hasa ndipo ninapofia, ili wazee wenzangu wapite pembeni.

7. Lalamiko la saba sitalifanyia mzaha, kisha nitaendelea na mzaha.

Mimi nina miguu na nina mdomo, nitahangaika mpaka nipate. Lakini mstarini pale kuna wazee wanaokuja kwa fimbo kutoka vilimani. Sharti lenu ni kwamba mzee aonekane dirishani. Mzee akiugua haji. Asipokuja anahesabiwa hayupo. Na dawa ya ule ugonjwa ndiyo alikuwa aje kuinunua kwa pesa hiyo hiyo. Kwa hiyo mnamlipa mzee mwezi ambao hana shida, na mwezi wenye shida mnamngoja apone kwanza.

Pensheni si zawadi ya sikukuu, Bwana. Tulipokuwa vijana tuliipa Serikali migongo yetu, na hiyo mnayotupa dirishani ni migongo yetu inarudi kidogo kidogo. Mtu hapaswi kurukaruka mbele ya karani ili arudishiwe mgongo wake.

Basi. Sasa maombi yangu, ambayo nimeyapanga kwa akili sana.

Naomba kwanza Serikali ichague. Kama mimi ni mzima, nilipwe. Kama mimi nimekufa, basi nipewe heshima ya wafu, wala msinipunguzie. Bwana Shauri, mkuu wa wilaya, aje kwenye matanga yangu asome hotuba ya kumsifu dereva hodari, nami niwepo nisikie, maana wengi husifiwa vizuri wakiwa hawana nafasi ya kufurahi. Bendera ishushwe nusu, hata kama ni kwa muda wa chai tu. Askari wa mjini wasiniulize tena habari ya taa ya baiskeli. Na mkinikuta nimekaa kwenye bustani ya ofisi palipoandikwa watu wasikae, mniache, kwa sababu mimi si watu tena.

Ombi la pili, Serikali iajiri Mtani Mkuu wa Jimbo, mtu mwenye mshahara, sare na haki ya pensheni, akae karibu na kila karani mgeni. Mzee akilia dirishani, Mtani Mkuu amtazame machoni aseme, hayo ni machozi ya kweli, au, hayo ni ya utani, usichovye kalamu. Kazi hii inahitaji mtu mzoefu wa dunia, aliyesafiri, mwenye sauti. Sitaji jina.

Ombi la tatu nimelifikiria nikiwa kwenye foleni ya maji. Nimeitazama hii ofisi yako kwa makini. Inachukua kitu cha mtu, inamwambia njoo kesho, akija kesho inamwambia njoo mwezi ujao, na haioni haya. Huku kwetu anayeweza kumfanyia mtu hivyo bila kupigwa ni mtani peke yake. Nimeelewa basi kwamba Serikali ni mtani wetu, tena wa siku nyingi, ila hatukuambiwa. Kama ndivyo, naomba itangazwe rasmi, ili na sisi tupate haki zetu. Siku hiyo nitaingia ofisini kwako bila hodi, nitachukua kile kiti chenye mto na ile saa ya ukutani, na wewe utacheka. Mzee Silvester atataka kofia yako, na utampa.

Na kama utani unawashinda, jifunzeni kwa wenzenu. Nyinyi Waingereza mmepigana na Wajerumani mara mbili, mimi mwenyewe nikiwa hai mara zote mbili, na sijapata kusikia Mjerumani ameingia kwa Mwingereza akakamata kuku huku wote wawili wakicheka. Mmepigana vita vikubwa namna ile kisha mkaambulia amani kavu. Wangoni na sisi tungeweza kuja kuwafundisha, kwa nauli tu.

Ombi la nne na la mwisho, ambalo ndilo kiini. Kuanzia tarehe ya barua hii maneno ya mtani yasipokelewe tena katika ofisi yoyote ya Serikali, na mtani atakayekutwa analia dirishani aondolewe na askari. Huyo Silvester aitwe kwa amri, asimame mbele ya Bwana Anyitike, bila machozi na bila jogoo, aseme kwa Kiswahili cha kawaida, "Muhidini bin Othmani yuko hai." Kisha nilipwe, mke wangu akunje mkeka, na maji yachotwe na wenyewe.

Nimalizie kwa salamu. Mpe salamu Bibi nyumbani kwako, na yule mbwa wake ambaye wakati mmoja nilimpakia kwenye lori mpaka Iringa akatapika njia nzima, natumaini hajambo. Wape salamu mpishi, mtunza bustani na karani wa kodi, ingawa yeye salamu zake zinaweza kuchelewa. Na kwa kuwa najua barua hii itafunguliwa na Bwana Anyitike kabla yako, Bwana Anyitike, hujambo mwanangu? Endelea kusoma, umebakiwa na kidogo.

Mimi, mtumishi wako mtiifu, niliye hai kwa kadiri ninavyojijua,

Muhidini bin Othmani
Dereva Mstaafu

Nimeweka na dole gumba hapa chini. Lilikuwa na joto nilipoliweka, lakini naona karatasi haionyeshi.

Nyongeza. Bwana Mwangalizi, nimechelewa kuifunga barua kwa sababu kwanza nilimsomea Mwanakhamisi, kwa sauti ya hotuba. Alicheka mpaka shuka la eda likamdondoka. Nilipofika mwisho akaniuliza, "Baba Mwamvita, na huu unga tunaokula tangu ufe, unadhani unatoka wapi?"

Nilidhani unatoka kwake. Nilidhani ana akiba yake, wanawake wanayo. Kumbe kila Jumamosi, nikiwa bombani, Silvester anakuja kwa miguu kutoka Iyunga na unga na maharage begani, na safari moja na sukari, anaviweka mlangoni pa jikoni. Nusu ya pensheni yake inaishia hapo. Anamwambia mke wangu, "Chakula cha msiba hiki, shemeji. Mpishi wa msiba ni mtani. Usimwambie marehemu, atavimba kichwa."

Na habari ya jogoo, anasema Mwanakhamisi, ni maneno ya kuficha aibu. Silvester alishakwenda dirishani kabla sijamfuata Iyunga, bila mimi kujua, akavua kofia, akasema bila mzaha kwamba mimi niko hai na kwamba yeye alikosa. Bwana Anyitike, ambaye mimi mwenyewe nilimfundisha asubuhi nzima kuyasikiliza maneno ya mtani kinyume, akatabasamu, akamnyooshea kidole akasema, "Mzee Silvester, safari hii hunipati."

Kwa hiyo, Bwana, ombi la nne nalifuta, na lalamiko la nne, na kipande kikubwa cha la pili. Stempu nimekwisha nunua, siwezi kuandika barua nyingine. Naomba mtani asikatazwe kulia ofisini. Naomba, tena kwa heshima zote, siku ya malipo ijayo Silvester aruhusiwe kuja dirishani kutangaza tena kifo changu, kwa machozi mengi iwezekanavyo, na wali wote anaoutaka, ili Bwana Anyitike asikie kinyume na kuniandika mzima.

Mimi nitakuwa nyuma yake mstarini. Akimaliza kunizika nitasogea mbele, na mbele ya wazee wote nitasema kwamba Silvester wa Iyunga ni mchoyo, hana utu, na tangu nimjue hajapata kuniletea hata kibaba cha unga. Tafadhali Bwana Anyitike ayaandike hayo yote, kwa wino ule ule usiorudi nyuma.